Onyo la Mwisho kwa Watani

Usiitafute nchi hii kwenye ramani. Mchora ramani wetu alipewa likizo ya lazima kwa kosa la kuichora ndogo, na mpaka leo hajapatikana mwingine wa kuichora kwa ukubwa ulioagizwa. Jua tu kwamba ipo, ina bendera, ina wimbo wa taifa wenye beti kumi na tisa, na ina Wizara ya Urafiki na Vitisho, ambako mimi ni karani kwa mwaka wa ishirini na mbili sasa. Kazi yangu ni kuandika maonyo.

Watu huniuliza kama kazi hiyo ni ngumu. Si ngumu, ila ina utaratibu wake. Unaanza na Onyo, unapanda kwenye Onyo Kali, halafu Onyo Kali Sana, kisha Onyo la Mwisho. Likishindikana hilo, unaandika Onyo la Mwisho Namba Mbili, na kuendelea. Mfumo huu ni wa Waziri wetu, Profesa Hamdu Kitojo, aliyesoma ng'ambo miaka saba akarudi na nadharia moja. Hutufundisha kila Jumatatu asubuhi, sisi tukiwa tumesimama.

"Jirani ni mlango mgumu," husema. "Ukiubisha kwa adabu haufunguki. Unatakiwa usikie vishindo vyako tangu mbali, uogope, ujifungue wenyewe."

Sisi hupiga makofi. Mlango wa ofisi yake, nitaje tu kwa kuwa nimekumbuka, ulikwama mwaka juzi, na tangu hapo Profesa huingilia dirishani.

*

Jirani yetu ni Mlowa, nchi ndogo ya ng'ambo ya mto, inayolima vitunguu. Wizara yao ya mambo ya nje ni Bwana Mpelembe. Sisemi kwamba anaiongoza. Wizara ni yeye. Ana meza moja na muhuri mmoja, na asubuhi hutengeneza baiskeli za watu.

Zamani mababu zetu na mababu zao walipigana miaka sita kwa ajili ya shimo la chumvi. Walipochoka waligundua kwamba mbuzi wameshailamba chumvi yote. Wakakaa chini, wakakubaliana kwamba tangu siku hiyo watapigana kwa mdomo tu. Hivyo ndivyo tulivyokuwa watani. Mtani anaweza kukuita mtumwa wake na kukutukana mbele ya wakwe zako na huruhusiwi kununa. Anaweza kukuvua kofia njiani akaondoka nayo, akakurudishia siku atakayoitaka, ukimpa kuku. Na ukifiwa, mtani ndiye anayekuja kukutoa majonzi. Huvaa nguo za marehemu, huigiza mwendo wake, na kaburi likishachimbwa huingia akalala humo, hatoki mpaka mfiwa amridhishe.

Utani ulifutwa kwa sheria miaka tisa iliyopita, baada ya Mtukufu Rais wetu kubaini kwamba wananchi wanacheka bila kibali. Niliwaandikia Mlowa mwenyewe kuwajulisha. Bwana Mpelembe alijibu kwamba barua hiyo imesomwa sokoni mara tatu, na kwamba huo ndio utani bora kuwahi kutoka upande wetu.

*

Mambo yenyewe yalianza alipofariki Bi. Mwasiti, mama yake Mtukufu. Mazishi yaliandaliwa na Kamati ya Vilio. Mawaziri walisimama mstari mmoja, kila mmoja na kitunguu kilichokatwa ndani ya leso, kwa sababu serikali haiwezi kutegemea machozi ya hiari. Ni Mtukufu peke yake ambaye hakupewa kitunguu, maana hakuna aliyethubutu kumpa. Alisimama mkavu, kifimbo chake chenye kichwa cha simba kikiwa kwapani, akilitazama kaburi kama mtu anayekagua barabara mpya.

Ndipo wakatokea watani kutoka Mlowa, wakiimba tangu mtoni. Mbele yao alikuwa Bi. Sikudhani, mfinyanzi, mwanamke wa miaka sabini hivi mwenye mikono ya udongo na sauti ya kuitia ng'ombe. Kabla walinzi hawajajua wafanye nini, alikwisha kuingia kaburini na kujinyoosha.

"Pazuri huku," alisema toka chini. "Lakini pakubwa mno. Chande, mtumwa wangu, mama yako alikuwa mfupi vile! Umemchimbia yeye au umechimbia cheo chako?"

Chande ni jina la utotoni la Mtukufu. Mawaziri wote walikohoa kwa pamoja ili wasiwe wamelisikia.

"Toka," alisema Mtukufu.

"Hee?"

"Naamuru utoke!"

"Amuru huko huko juu. Huku chini niko na funza, na wao hawajakupigia kura."

Kisha akamwita kwa kidole. Mtukufu, sijui kwa nini, akainama. Bi. Sikudhani akamwambia jambo. Mtukufu akajibu jambo. Mimi nilikuwa nimeshika mwavuli wake, hatua moja nyuma, na nilisikia yote mawili. Bibi akanyoosha mkono, Mtukufu akamvuta juu kwa mikono yake mwenyewe. Bibi akamfuta uso kwa upindo wa khanga, akamchomoa kile kifimbo kwapani, akakichomeka kiunoni na kuondoka zake kwao Mlowa.

Kwa mila, kifimbo kingerudi chenyewe siku ya arobaini, kwa kuku mmoja. Kila aliyekuwa pale alilijua hilo. Lakini kuijua mila iliyofutwa ni kosa la jinai, kwa hiyo tulikosa mtu wa kulisema, na Profesa Kitojo akapata nafasi ya kumweleza Mtukufu kwamba taifa limevamiwa.

*

Sharti letu lilikuwa rahisi. Bi. Sikudhani akabidhiwe kwetu, yeye na kifimbo, kabla ya siku ya arobaini. Hukumu yake ilichapwa mapema ili kuokoa muda: kifungo cha maisha katika Gereza la Mwamba, chumba namba tatu. Chumba kilipakwa rangi. Wakapima na urefu wa kitanda, kwa kukisia, wakitumia shimo la kaburi kama kipimo.

Mimi Bi. Sikudhani namjua. Jikoni kwangu kuna chungu chake, mke wangu alikinunua kabla mpaka haujawa mambo ya kitaifa, na maharage yake hayajawahi kuungua humo. Bado nilikaa mezani nikaandika onyo la kwanza kwa mwandiko wangu mzuri kuliko yote. Aibu ya siku hiyo ninayo mpaka leo.

"Msipomtoa," niliandika, "mtajuta kwa namna ambayo haijawahi kujutwa."

Jibu lilikuja siku ya tatu, limefungashwa kwenye kipande cha mpira wa baiskeli.

"Watani wetu, salamu nyingi. Barua tumeisoma hadharani. Mzee Ngwale alicheka mpaka akashikwa na kwikwi, tumemlaza chali na anaendelea vizuri. Lakini nyie watumwa wetu, tangu lini mkatisha mtu? Babu zenu walikimbia nzige wakaacha suruali shambani, suruali hizo tunazo. Leteni barua nyingine upesi, wiki hii mvua imekataa na watu wamenuna. Ni mimi, Mpelembe."

Profesa aliisoma mara mbili, akavua miwani.

"Wameogopa," alisema.

"Wanacheka, Profesa," nilisema.

"Ndiyo. Kuna kicheko cha hofu. Nimekiandikia sura nzima." Akaniangalia kwa huruma. "Panda ngazi. Onyo Kali."

Tukapanda. Onyo Kali lilijibiwa kwa matusi kuhusu masikio ya Profesa, ambayo kwa kweli yalielezwa kwa usahihi. Onyo Kali Sana lilirudishwa na ombi kwamba safari nyingine tutumie karatasi nzito zaidi, kwa kuwa ile ni nyepesi mno kwa kukatia vipimo vya viatu. Kufikia wiki ya tatu tulikuwa kwenye Onyo la Mwisho Namba Tano, na huko Mlowa watu walikuwa wakisafiri kutoka vijiji vya mbali kuja kusikiliza.

*

Profesa akasema sasa ni wakati wa vikwazo. Tukapiga marufuku vitunguu vya Mlowa kuingia nchini. Ilitangazwa redioni kwamba uchumi wa adui utaanguka ndani ya siku kumi.

Mlowa walikula vitunguu vyao wenyewe, wakanenepa. Sisi, ambao katika nchi nzima hakuna anayelima kitunguu, tulianza kula mchuzi wenye ladha ya maji ya moto. Wizara ya Afya ilitoa tamko kwamba kitunguu huleta kiburi. Walioumia zaidi walikuwa Kamati ya Vilio, kwani arobaini ilikuwa inakaribia na ghala lao lilikuwa tupu. Walijaribu pilipili. Waziri wa Kilimo akalazwa siku mbili.

Baada ya vikwazo, ngazi inayofuata ni kuonyesha nguvu. Jenerali Shaweji alipelekwa mtoni na askari mia tatu na ngoma kubwa, kwa amri ya kusimama ukingoni na kutisha bila kuvuka. Alivuka. Anasema maji yalikuwa machache na hakutambua ni wapi ukingo unaishia.

Watu wa Mlowa walitoka mbio na vigelegele. "Watani wamekuja! Watani wamekuja wote!" Wakawakalisha chini ya kivuli cha ghala, wakawapikia, na wakati wa kula wakawatukana mmoja mmoja kwa majina ya babu zao. Askari wetu, ambao hawakuwa wametukanwa kwa mapenzi kwa miaka tisa, walicheka mpaka wengine wakashika mbavu. Jenerali alivuliwa buti na bibi mmoja aliyempa makubazi ya tairi badala yake.

Taarifa rasmi ilisema jeshi limerudi nyuma kwa mpango, kwa viatu vyepesi. Kofia za chuma zilikaguliwa, zikakutwa zinanuka kitunguu, zikawekwa rumande.

*

Zilipobaki siku nane, Bwana Mpelembe aliandika barua fupi kuliko zote.

"Watani, naona safari hii mmeukomalia utani. Haya, labda mna jambo kweli. Sheria yetu ni moja tu: mtu hakabidhiwi mpaka asomewe kosa. Bibi alisema nini?"

Profesa akaniita, nikaingia dirishani.

"Wewe ulishika mwavuli," alisema. "Ulisikia."

"Nilisikia."

"Alisema..." Akainua mkono haraka. "Usitamke! Kutamka ni kurudia kosa."

"Basi niandike?"

"Kuandika ni kulisambaza."

"Nikutikisie kichwa, wewe ukisie?"

Alilifikiria hilo kwa dhati, kisha akakataa, kwa sababu angekisia sawasawa angekuwa amelisema yeye. Tulishinda humo mpaka saa kumi jioni. Hati ya mashtaka iliyotoka ilikuwa na mihuri sita na sentensi moja: "Kwamba siku hiyo, mahali hapo, mshtakiwa alisema."

Jibu likarudi: "Huku kwetu kusema si kosa. Hata hivyo bibi ameisoma, anasema mkimkumbuka kiasi hiki basi msisumbuke kumfuata. Arobaini atakuja mwenyewe. Andaeni kuku mnono."

Profesa alianguka kitini kwa furaha. "Amesalimu amri!" alipiga kelele. "Mlango umejifungua wenyewe!" Akatuma watu wakapige deki chumba namba tatu. Kutoka gerezani zililetwa pingu mpya, zikapakwa mafuta.

Mimi sikulala vizuri tena. Asubuhi moja nilipokuwa nabandika lakiri kwenye Onyo la Mwisho Namba Kumi na Moja, nilichomeka ndani yake kikaratasi kidogo. "Bibi, usije. Safari hii si utani. Wamekwisha kukupakia rangi chumba." Katika miaka ishirini na mbili ya kuandika maonyo, hilo ndilo lilikuwa onyo la kweli pekee.

Kikaratasi kilirudi siku ya pili, kimeandikwa nyuma kwa kidole cha udongo: "Mtumwa wangu, wewe ndiye umetisha vizuri kuliko wote. Nakuja."

*

Siku ya arobaini Bi. Sikudhani alivuka mto akiwa amekaa nyuma ya baiskeli ya Bwana Mpelembe, kifimbo kiunoni. Uwanja wa Ikulu ulikuwa umejaa. Mawaziri walikuwa wamekunja nyuso kwa bidii, lakini hapakuwa na jicho lililolowa, maana hapakuwa na kitunguu.

Bibi alishuka, akajinyoosha mgongo, akaenda moja kwa moja kwenye kiti cha Mtukufu kilichokuwa kimeandaliwa jukwaani, akaketi.

"Kigumu," alisema. "Ndiyo maana mtumwa wangu amenuna miaka yote."

Profesa Kitojo alisogea na karatasi mikononi. Akasoma Onyo la Mwisho Namba Kumi na Mbili, nililoliandika jana yake, lenye kurasa nne. Bibi alisikiliza lote huku akimega kipande cha muhogo kutoka kwenye fundo la khanga yake. Lilipoisha akapiga makofi.

"Hili limezidi yote. Soma tena pale pa ardhi kutetemeka."

"Askari!" alisema Profesa.

Ofisa wa gereza akapanda jukwaani na pingu zake zinazong'aa. Bi. Sikudhani akampa mikono yote miwili bila kusita, mikono ile ya udongo, lakini macho yake yalikuwa kwa Mtukufu aliyesimama pembeni ya kiti chake mwenyewe.

"Chande," alisema, na safari hii hakuwa anatania. "Nifunge. Lakini nifungwe kwa jambo linalojulikana. Waambie ulichoniambia kaburini."

"Mtukufu, usijibu," alisema Profesa. "Ukijibu tutakuwa tumeshuka ngazi."

Mtukufu aliangalia pingu. Akaangalia kiti. Akatuangalia sisi, watu wake, tuliokuwa tumekunja nyuso kwa amri. Nilidhani ataita walinzi. Akafungua mdomo, akaufunga, akaufungua tena.

"Tafadhali," alisema.

Hata mbwa wa Ikulu akainuka.

Ni hilo tu. Sasa naweza kukueleza, kwa kuwa alilisema mwenyewe. Siku ile kaburini bibi alimwambia: "Mama yako alikufundisha kuomba. Nilikuwepo, ulikuwa na miaka minne na ulikuwa unataka muwa wangu. Omba, nami nitatoka." Na yeye akajibu: "Tafadhali, Mama Siku, toka nimzike mama yangu." Hilo ndilo lililotufungia mpaka na kutunyima mchuzi. Hakumwogopa bibi. Aliogopa kwamba yupo mtu mmoja duniani aliyemsikia akiomba.

"Tafadhali, Mama Siku," alisema tena, kwa sauti ambayo sikuwahi kuisikia redioni. "Nipishe kiti. Nimechoka kusimama."

Bi. Sikudhani akainuka papo hapo. "Haya, mwanangu, kaa." Akamrudishia kifimbo. Mtukufu akaketi, akakilaza kifimbo magotini, akalia. Alilia kwa sauti, na kamasi, mbele ya mabalozi. Mawaziri walitazamana kwa hofu, hawakujua utaratibu, na mwenyekiti wa Kamati ya Vilio alinong'ona akiuliza ni nani aliyeingiza kitunguu.

Kuku aliletwa. Kwa kuwa kamba ilikosekana, alifungwa miguu kwa zile pingu. Zilimpwaya, na alizivua mara mbili kabla ya kufika mtoni.

*

Kesho yake Profesa alinipa taarifa niinakili. Ilisema mshtakiwa alijisalimisha mwenyewe ndani ya muda uliowekwa, mali ya taifa ilirudishwa, na hakuna aliyedhurika upande wowote isipokuwa kuku. Ilihitimisha kwamba vitisho, vikipangwa kwa ngazi, hufanya kazi. Profesa alipewa nishani. Taarifa hiyo inasomwa sasa katika vyuo vya nchi ambazo sitazitaja, na nasikia kote huko inapigiwa makofi.

Wiki iliyofuata Mtukufu aliniita peke yangu. Alikuwa amekaa, kifimbo kiko juu ya kabati.

"Andika onyo kwa Mlowa," alisema.

Nikatoa kalamu.

"Sema hivi. Siku nitakayokufa mimi, wasipoleta mtani wa kulala kaburini mwangu, tutachukua hatua kali." Akafikiri. "Kali sana. Halafu mwishoni weka lile neno."

"Lile neno, Mtukufu?"

"Lile."

Nililiandika. Nilijaribu kuliandika kwa herufi za serikali likakataa, nikaliandika kwa herufi ndogo za kawaida.

Jibu la Bi. Sikudhani lilifika ndani ya chungu kipya, limeandikwa kwa mkono wake. "Tutakuja, mtumwa wangu, usiwe na shaka, na kama nitakuwa nimetangulia nitaacha maagizo. Lakini kuna jambo hamjalifikiria. Siku hiyo wewe utakuwa umelala kwenye jeneza. Nani wa kuniomba nitoke? Anza kumfundisha mtu."

Mtukufu aliisoma mara tatu, akampa Waziri wetu jukumu hilo. Kwa hiyo siku hizi Jumatatu asubuhi hatufundishwi tena habari za mlango mgumu. Tunasimama mstari na kufanya mazoezi. Mimi nimeshafaulu, na mfagizi alifaulu siku ya kwanza. Profesa Kitojo anajitahidi, jasho linamtoka, na mpaka wiki iliyopita alikuwa amefika "tafa".